Kujifunza Ubaharia na Unahodha Lamu: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Maswali haya huulizwa pale gatini karibu kila wiki. Wengine wanaouliza ni vijana wa Mkomani na Langoni waliozoea bahari tangu utotoni, wengine ni watu wa bara waliokuja kutafuta kazi tangu bandari mpya ifunguliwe, na wengine ni akina mama wanaotaka kujua mtoto wao anapelekwa wapi. Mimi nimelelewa kwenye mashua ya ammi yangu, ndugu wa baba, nikaenda jahazini, kisha nikapata vyeti na kufanya kazi kwenye meli za injini kabla ya kurudi Amu, yaani Lamu, kufundisha. Nimejibu kama ninavyojibu nikiulizwa kwa mdomo, na penye hatari nimekaa zaidi.

Nianzie wapi, chomboni au darasani?

Anzia kwenye maji yenyewe. Kijana anayejua maji yatakupwa saa ngapi, fungu la mchanga liko upande gani na upepo wa asubuhi hii utageuka vipi adhuhuri, huyo ukimpa kana ya mashua, yaani mkono wa usukani, leo, baada ya miezi michache atakuwa anaiendesha. Asiyejua hayo atapandisha chombo fungu hata akiwa na cheti. Kwa hiyo kabla hujatafuta nahodha wa kukuchukua, kaa wiki mbili pwani ya mji na daftari. Andika saa ya maji kujaa, saa ya maji kupwa, mwezi ulivyo na upepo unakotoka. Usiandike ulichosoma kwenye simu, andika ulichokiona kwenye ngazi za gati: maji yalifika ngazi ya ngapi, yakaacha ngapi kavu.

Baada ya hapo mwendee nahodha, umsalimie kwa heshima, umwombe akuchukue kama baharia mdogo, na usitaje pesa siku ya kwanza. Kazi yako ya mwanzo itakuwa kukumba maji kwa upo, kata ya kutolea maji chomboni. Usiidharau. Anayekumba maji hukaa ngamani, chini kabisa ndani ya chombo, karibu na mkuku, ile boriti ya chini, na ndiye wa kwanza kujua chombo kinavuja, kinavuja kwa ubao upi, na kinavuja zaidi kikilala upande gani. Manahodha wote wazuri niliowajua walipitia hapo.

Siogelei. Naweza kujifunza?

Jifunze kuogelea kwanza. Siku za maji mafu (nayaeleza hapa chini), maji yakiwa yamejaa, pwani ya Shela ina utulivu wa kutosha, na kijana mwenye bidii huweza baada ya wiki tatu au nne. Kisha, ukishaweza, vaa jaketi la kuokolea maisha vilevile. Jambo hili linaniuma. Hapa kwetu kuna wanaoona haya kulivaa, eti ni vazi la wageni. Mtu aliyegongwa kichwa na foromali, boriti ya tanga, haogelei, hata kama amezaliwa majini.

Bamvua na maji mafu ni nini, na mbona kila mtu hapa anavitaja?

Bahari yetu hujaa mara mbili na kupwa mara mbili kwa siku. Kutoka kujaa hadi kupwa ni saa 6 na dakika kama 12, ndiyo maana kila siku nyakati husogea mbele kwa dakika 50 hivi. Mwezi ukiandama, na tena ukiwa mpevu, jua na mwezi huvuta kwa mstari mmoja. Siku moja au mbili baadaye huja bamvua: maji hujaa sana na kupwa sana, tofauti ikapita mita 3. Mwezi ukiwa nusu, kila kimoja huvuta upande wake, tukapata maji mafu ambayo hayaendi mbali wala hayarudi mbali. Wazee hawahitaji kitabu kwa hili, tarehe ya mwezi wa Kiislamu inawatosha. Ukisikia leo ni mwezi 2 au mwezi 16, jua ni bamvua. Mwezi 9 au 23, maji mafu.

Jambo ambalo vijana wengi hulikosa ni kwamba maji hayatembei kwa mwendo mmoja saa zote sita. Chukua tofauti ya siku hiyo, uigawe mafungu 12. Saa ya kwanza hushuka fungu 1, ya pili mafungu 2, ya tatu 3, ya nne 3, ya tano 2, ya sita 1. Tofauti ikiwa mita 3, saa ya kwanza maji yatapungua sentimita 25 tu. Ya pili sentimita 50. Ya tatu na ya nne sentimita 75 kila moja. Nusu nzima ya maji hupotea katika saa mbili za katikati, na ndipo mkondo unapokimbia zaidi.

Mimi nililijua hili kwa njia ngumu. Nikiwa na miaka 19, ammi aliniachia mashua nipeleke mzigo na abiria Faza kwa njia ya Mkanda, ule mfereji mwembamba kati ya Manda na bara ambao hupitika vizuri maji yakiwa yamejaa. Ilikuwa bamvua. Nilikawia kupakia, nikaondoka Amu saa moja na nusu asubuhi, maji yameshaanza kupwa saa mbili na nusu nyuma. Niliyatazama nikajiambia bado ni mengi. Tulipofika katikati ya Mkanda mashua iligusa tope kwa sauti ndogo, kama kitambaa kinachoburutwa sakafuni. Pale pale ningegeuza ningeokoka. Badala yake nilisukuma mbele kwa pondo, mti mrefu wa kusukumia chombo, nikitegemea mbele ni kina, na dakika tano baadaye mkuku ulikuwa umeshikwa. Tulikaa juani kati ya mikoko tangu saa mbili na robo hadi saa nane mchana, maji yaliporudi kimo kile kile. Ndani mlikuwa na mama aliyemtoa mtoto wake hospitali. Hakunilaumu hata kwa neno moja. Alimfunika mtoto kwa leso, akawa anamwagia maji ya kunywa kwenye nywele kidogo kidogo, na mimi nimekaa pale na pondo mkononi, silioni la kusema.

Tangu siku hiyo sheria yangu ya Mkanda ni hii: ingia maji yakiwa yanajaa. Ukigusa tope maji yakijaa, subiri kidogo yatakunyanyua. Ukigusa yakikupwa, kila dakika inakufunga zaidi.

Na mlango wa Shela una sheria yake. Maji yakikupwa hutoka pale kuelekea bahari kuu, na wakati wa kusi upepo huingia kutoka kuko huko. Upepo na mkondo vikikutana uso kwa uso, mawimbi husimama wima, mafupi na ya karibu karibu, na chombo kidogo hakipati nafasi ya kuinuka kabla ya wimbi la pili. Saa moja ukiusubiri mkondo ulale, mlango ule ule huwa wa kawaida. Watu wengi wamepotea pale kwa kukosa saa moja ya subira.

Misimu ya pepo ikoje, na nijifunze lini?

Kaskazi huvuma kuanzia Desemba hadi Machi, upepo mkavu na wa kutegemeka. Kusi huanza Aprili, hukaza Juni hadi Agosti, kisha hulegea tukaingia msimu wa demani. Kati ya misimu miwili kuna maleleji, ambayo wengine huita tanga mbili kwa kuwa chombo chaweza kwenda kusini au kaskazini. Ndani ya misimu hiyo kuna pepo za siku, kama umande wa alfajiri unaotoka bara, ambao mashua hutumia kutoka kabla upepo mkubwa haujaamka.

Mwanafunzi aanze Oktoba au Novemba. Kusi kali ya Julai si darasa la mtu mpya.

Wanaodhani misimu ni habari ya zamani nawakumbusha Malindi, jirani zetu. Tarehe 24 Aprili 1498 Vasco da Gama aliondoka pale na rubani aliyepewa na mfalme wa Malindi. Rubani yule aliijua bahari, na kusi ilikuwa ndiyo inaanza. Walifika pwani ya Calicut, India, kwa siku zisizotimia 30. Wakati wa kurudi Mreno hakungoja kaskazi. Aliondoka kabla ya msimu, na bahari ile ile ikamla karibu miezi mitatu. Mabaharia wengi walikufa kwa kiseyeye kabla ya kuiona tena Malindi Januari 1499. Huwa naulizwa kama rubani huyo alikuwa Ahmad ibn Majid, bingwa wa bahari wa Kiarabu. Wanahistoria wengi siku hizi wanakataa. Kwangu mimi jina si kitu kikubwa kama ile tofauti ya siku.

Lazima nijue majina yote ya kamba na mbao?

Ndiyo, kwa sababu usiku, tanga likipiga kofi na nahodha akipaza sauti, hutapata muda wa kuuliza ni kamba ipi. Omo ni mbele, tezi ni nyuma. Mlingoti umesimama ukiinamia mbele kidogo. Foromali ndiyo boriti ndefu inayobeba tanga, na henza ndiyo kamba inayoipandisha. Usukani uko tezini na kana ndiyo unayoishika. Chini kuna mkuku, na mataruma ni mbavu zinazoshika mbao. Lakini maneno mawili uyajue hata ukiwa usingizini: joshi na demani. Joshi ni upande upepo unakotoka. Demani ni upande unakokwenda, na pia ni ile kamba ya pembe ya nyuma ya tanga inayolikaza na kulilegeza. Kamba hiyo ya demani ndiyo roho ya watu wote mlio chomboni.

Haifungwi fundo la kufa. Izungushe mara moja au mbili kwenye kishikio, mtu aishike mkononi, au ifungwe kitanzi kinachofunguka kwa mvuto mmoja. Ukiona mashua yenye demani iliyofungwa mafundo matatu ili baharia apate kuvuta sigara, usiipande.

Kubisha na kukisi ni nini?

Hakuna tanga linalokwenda moja kwa moja kuukabili upepo. Ukitaka kufika kule upepo unakotoka, unakwenda kwa mshazari, mara upande huu, mara upande ule, na huko ndiko kubisha. Kwa kugeuka toka mshazari mmoja hadi mwingine, vyombo vya tanga la Kizungu hupitisha omo kwenye upepo. Sisi kwa kawaida hatufanyi hivyo, kwa sababu foromali yetu iko upande mmoja wa mlingoti, na upepo ukilipiga tanga kwa mbele utalibandika kwenye mlingoti. Sisi tunapindua kwa nyuma: nahodha anaupa upepo tezi, demani inalegezwa, mabaharia wanaisimamisha foromali wima, wanaipitisha mbele ya mlingoti hadi upande wa pili, wanalizungusha tanga, wanakaza demani upya. Huko ndiko kukisi.

Ni kazi ya sekunde chache kwa watu waliozoeana, na ni hatari kwa wasiozoeana, maana upepo unapohama kutoka upande mmoja wa tezi hadi mwingine, foromali na tanga huruka kwa nguvu yote. Kila mmoja ajue mahali pake kabla nahodha hajasema neno. Nahodha naye awe mmoja. Kwamba manahodha wengi chombo huenda mrama, hapa si msemo wa barazani tu, nimeuona ukitimia.

Kosa la mwanafunzi ni kukisi mara nyingi mno. Kila ukikisi unarudi nyuma kidogo. Nenda mshazari mrefu kadiri kina kinavyoruhusu. Kosa la pili ni kutaka kuubana upepo mno. Unaelekeza omo karibu kabisa na upepo, unajiona unakwenda joshi, kumbe chombo kimekufa mwendo na kinachukuliwa pembeni na mkondo. Ammi yangu alikuwa akisimama nyuma yangu, mkono wake juu ya wangu kwenye kana, akiniambia, "Mato kwenye tanga, mwanangu, si kwenye mkono." Mato ni macho. Nilipotazama nikauona ukingo wa mbele wa tanga unatetemeka kidogo, kama mdomo wa mtu anayetaka kulia. Alivuta kana kidogo, tanga likajaa, na maji yakaanza tena kusema chini ya omo. Mpaka leo naiendesha mashua kwa kuutazama ukingo ule.

Wahenga walisema dau la mnyonge haliendi joshi. Kwenye bahari ya kweli, linakwenda, likiwa na tanga zima, farumi (uzito wa kukituliza chombo) ya kutosha na mtu mwenye subira kwenye kana.

Mashua hupinduka kwa nini?

Kwa mambo matatu, na mara nyingi yote huja pamoja: farumi haba au isiyofungwa, watu wengi upande wa demani, na demani iliyokwama upepo wa ghafla ulipopiga. Farumi zetu ni mifuko ya mchanga au mawe. Ikilala vibaya huteleza upande wa chini chombo kinapoinama, na badala ya kukurudisha inakumalizia. Umewaona vijana kwenye mashindano ya Maulidi wakitoka nje kwa ubao upande wa joshi? Kazi yao ni kuwa farumi hai, inayoweza kusogea. Wanafanya vile kwa mazoezi ya miaka. Abiria hawawezi, kwa hiyo ukiwa na abiria punguza tanga mapema, na ukianza kujiuliza kama ni wakati wa kupunguza, wakati huo ulishapita. Wimbi la pembeni likikuta chombo kimejazwa abiria mpaka ukingo wake uko kiganja kimoja kutoka majini, hakuna ujuzi utakaokiokoa.

Na chombo cha injini, kinaendeshwaje?

Wengi hufikiri ni rahisi. Wanafika gatini kwa kasi, wanarudisha gia, wanagonga. Chombo hakigeuki kama gari. Gari hufuata magurudumu ya mbele, chombo hutupa nyuma yake nje. Kikiwa kinakwenda mbele, huzunguka kwenye nukta iliyo karibu robo hadi theluthi ya urefu wake kutoka omo. Ukigeuza kulia, omo inakwenda kulia kidogo na tezi inafagia kushoto sana. Ukiwa umebana gati kwa kushoto na ukageuza kulia ghafla kuondoka, tezi ndiyo itakayogonga. Ukirudi nyuma, nukta ile inahamia karibu na tezi, na kufagia kote kunahamia omo.

Kisha kuna propela. Nyingi huzunguka kulia zikisukuma mbele. Ukizirudisha nyuma, huvuta tezi kuelekea kushoto. Kwa chombo kama hicho ni vizuri kufika gati kwa ubavu wa kushoto: njoo taratibu kwa mshazari, rudisha nyuma kidogo, na propela yenyewe itakulaza gatini. Boti zetu ndogo zenye injini ya nje husukumwa upande injini inakoelekea, lakini ukikata mafuta huna tena usukani. Wasiojua hukata mafuta kwa hofu wakikaribia ngazi, kisha wanazungusha mkono wa injini bila jibu.

Sheria yangu kwa gati la Amu ni moja: omo ielekee mkondo unakotoka. Mkondo ukikukabili unaweza kusimama kabisa bila kupoteza usukani, kwa sababu maji bado yanapita kwenye usukani au propela. Mkondo ukikusukuma kwa nyuma, ukipunguza mwendo huna usukani, usipopunguza una kasi mara mbili. Hata kama abiria wanapiga kelele wamechelewa, zunguka, uje kwa upande wa pili. Na fungia mkononi ile kamba ya kuzimia injini.

Meli kubwa za bandari mpya zinanihusu nini mimi mwenye mashua?

Zinakuhusu sana. Gati la kwanza la bandari ya Lamu lilizinduliwa Mei 2021, na tangu hapo meli ndefu zinapita njia ya Manda. Kiwango cha Shirika la Kimataifa la Bahari, IMO, ni kwamba meli inayokwenda kasi, injini ikirudishwa nyuma kabisa, isipite urefu wake mara 15 kabla ya kusimama. Meli ya mita 300, hizo ni kilomita 4.5. Nahodha wa meli hiyo, akiwa juu ya makontena, hakuoni ukiwa karibu na omo yake. Usikate mbele yake kwa kutegemea kwamba tanga lina haki.

Basi nani ampishe nani?

Sheria za kimataifa za kuzuia migongano, za mwaka 1972, ndizo hizo hizo Amu na Singapore. Vyombo viwili vya tanga vikipokea upepo kwa pande tofauti, anayepokea upepo kwa kushoto ampishe mwenzake. Vikipokea upande mmoja, aliye joshi ampishe aliye demani. Vyombo viwili vya injini vikikabiliana omo kwa omo, kila kimoja kigeuze kulia. Injini humpisha tanga kwenye maji mapana. Lakini anayempita mwenzake kwa nyuma ndiye anayepisha, hata akiwa na tanga. Na kwenye mfereji mwembamba kila mtu ashike upande wake wa kulia, na chombo cha tanga au kilicho chini ya mita 20 kisizuie meli isiyoweza kutoka nje ya mfereji.

Usiku, taa nyekundu ni kushoto, kijani ni kulia. Chombo cha tanga chini ya mita 7 chaweza kubeba tochi nyeupe ya kumulika kwa wakati. Tochi, siyo mwanga wa simu. Mulika tanga lako, linaonekana mbali.

Nanga nitoe kamba kiasi gani?

Mara 5 hadi 7 ya kina, na kina ni cha maji yakijaa. Ukitia nanga kwenye mita 4 maji yamekupwa, bamvua itakuletea mita 7, kwa hiyo kamba ya mita 20 uliyoiona nyingi haitoshi. Nanga haishiki kwa uzito wake, inashika kwa kulala na kuchimba, na kamba fupi huinyanyua. Ukishatia, chagua vitu viwili pwani vilivyo mstari mmoja, mnazi na paa la nyumba kwa mfano, uvitazame robo saa. Vikiachana, nanga inatembea.

Mtu akianguka majini nifanye nini?

Piga kelele "Mtu majini!" Tupa chochote kinachoelea, hata mtungi mtupu. Mpe mtu mmoja kazi ya kumwonyesha kwa kidole aliyeanguka, asifanye lingine wala asiangalie kwingine. Kichwa cha mtu kwenye mawimbi ni kidogo kama nazi, ukigeuza macho mara moja hukioni tena. Kwa injini, geuza kuelekea upande alioangukia, ili tezi na propela zimkimbie. Mrudie polepole, omo kwenye upepo, na zima injini kabla hajafika ubavuni. Mpandishe kwa ubavu, usimpandishe kwa tezi. Kwa tanga, legeza demani, kisi bila papara, umfikie mwendo ukiwa umekufa.

Fanya mazoezi. Tunajaza mtungi wa plastiki maji nusu, ili usichukuliwe na upepo, tunautupa bila kumwambia anayeshika kana. Mara ya kwanza wanafunzi wangu huchukua dakika saba au nane. Baada ya mara ishirini, dakika mbili.

Ukiwa na redio ya VHF, idhaa ya kuomba msaada ni 16. Tamka Mayday mara tatu, jina la chombo, mahali ulipo, shida na idadi ya watu. Kituo cha kuratibu uokoaji kiko Mombasa tangu 2006.

Simu yenye GPS haitoshi?

Ni msaada mkubwa na mimi ninayo. Lakini mafungu ya mchanga huhama, na ramani ya simu haijui kusi ya mwaka huu imefanya nini. Jifunze dira, na usiweke simu wala kisu karibu nayo, zitaivuta. Jifunze bildi: risasi yenye kamba iliyotiwa alama za pima, na kitako chake kikipakwa shahamu huleta juu mchanga au tope, ukajua uko wapi gizani. Jifunze nyota pia. Nyota ya kaskazini usiitafute, maana Amu iko nyuzi 2 na kitu kusini mwa ikweta, nayo iko chini ya upeo wa macho. Shika kilimia na ule msalaba wa kusini.

Nataka kazi ya meli za nje. Vyeti gani?

Mkataba unaotawala ni STCW, mkataba wa kimataifa wa mafunzo na vyeti vya mabaharia, wa 1978, uliofanyiwa marekebisho makubwa 1995 na 2010. Kila baharia huanza na mafunzo ya msingi ya usalama: kujiokoa majini, kuzima moto, huduma ya kwanza, na usalama binafsi na wajibu wa baharia. Sehemu ya kujiokoa na ya moto huthibitishwa upya kila miaka 5. Unahitaji pia cheti cha afya. Kenya mafunzo hutolewa na vyuo vilivyoidhinishwa, kikiwemo Bandari Maritime Academy cha Mombasa, na vyeti husimamiwa na Mamlaka ya Usafiri wa Baharini, KMA. Ulizia KMA yenyewe orodha ya sasa ya vyuo na ya mawakala wenye leseni.

Hilo la mawakala nalisema kwa uchungu. Nimeona familia ikiuza shamba kumlipia kijana nafasi ya meli ambayo haikuwepo. Mkataba wa kazi za mabaharia wa 2006 unakataza kumtoza baharia ada ya kumtafutia kazi. Anayekudai pesa ili akupe meli, mwache.

Na kazana na Kiingereza, ndicho kinachotumika kwenye chumba cha usukani duniani kote.

Inachukua miaka mingapi kuwa nahodha?

Kwa mashua, miaka mitatu hadi mitano ukiwa baharini misimu yote miwili. Kwa meli, afisa wa zamu huhitaji angalau miezi 12 baharini ndani ya mafunzo yaliyoidhinishwa, au miezi 36 nje ya mpango huo. Kwa meli za tani 3000 na zaidi, nahodha awe ametumika miezi 36 kama afisa, au 24 ikiwa 12 kati ya hiyo alikuwa afisa mkuu. Siku ulizokumba maji kwenye mashua ya ammi yako hazihesabiki kwenye karatasi hizo. Zitahesabika siku ya kwanza upepo utakapopiga.

Msichana anaweza?

Anaweza. Kenya imeshapata rubani wa meli mwanamke, Elizabeth Marami, aliyesomea Alexandria, Misri. Kana haijui nani anaishika. Kinachokosekana hapa kwetu ni wazazi na manahodha wa kuwapa nafasi, na ninawaomba waitoe.

Siku ya kwanza nije na nini, na saa ngapi?

Kofia, maji ya kunywa lita mbili, kisu chenye kamba, jaketi, na nguo ya mikono mirefu. Daftari lako la wiki mbili.

Njoo siku ya bamvua, saa nne asubuhi, maji yakiwa karibu kukauka. Wengi hushangaa, wanadhani wamekuja kusafiri. Hatupandi chombo siku hiyo. Tunavua viatu, tunatembea juu ya mafungu yenyewe, tunagusa tope la ukingo wa mfereji kwa mkono, tunaona pale mkuku wa jahazi la jana ulipochora mstari mchangani. Kila mmoja anachora ramani yake. Saa saba maji yakianza kutufikia magotini tunarudi pwani, tunakaa kivulini, na kila mmoja ananionyesha kwa kidole lile fungu liko wapi sasa, likiwa limefunikwa.